Beba kipimo chako: hila za sokoni, za simu na za kura

Anayetaka kukuchezea akili ni nadra akuambie uongo mtupu. Uongo hugundulika, na ukigundulika amepoteza mteja au kura. Anachotaka hasa ni upime jambo kwa kipimo alichokuja nacho yeye, na ulipime upesi. Ukishakubali mizani yake, hesabu yake na haraka yake, anaweza kukwambia ukweli mwanzo hadi mwisho na bado ukatoka umepunjwa. Ndiyo maana kila jambo hapa chini linadai kitu kimoja: uwe na kipimo cha pili kabla hujasema ndiyo.

Tuanze na mahindi, kwa sababu huko hila inaonekana kwa macho. Ni Novemba, Trans Nzoia au Bungoma. Mavuno yako uani, karo ya Januari inanukia, na broka amesimamisha lori langoni. "Mama, hapa kwa jirani gari likijaa naondoka, na bei ya kesho sikuahidi." Huenda ni kweli tupu. Lakini maneno hayo yamekutia haraka na kukuzuia kupiga simu, na bei ya mahindi haianguki kwa nusu saa. Piga simu mbili, moja Kitale au Chwele, nyingine Nakuru au Kibuye pale Kisumu. Uliza gunia la kilo 90 linakwenda kwa ngapi leo, kisha toa nauli ya mzigo. Wizara ya Kilimo pia huweka bei za masoko mtandaoni kwenye mfumo wake wa KAMIS. Broka naye lazima apate faida, hilo si kosa. Kosa ni wewe kukubali bei bila kujua faida hiyo ni ya kiasi gani.

Halafu mizani. Kama ni ya kuning'inia, iangalie ikiwa tupu: mshale uwe kwenye sifuri, si chini yake. Gunia lisiguse ardhi, ukuta wala goti la mpakiaji. Kama ni ya dijitali, isome ikiwa tupu, kisha usubiri tarakimu zitulie baada ya kupakia. Anayetangaza kilo huku namba bado zinaruka anakuchagulia ndogo. Na usiijaribu kwa pakiti moja ya sukari. Mizani inaweza kuwa sawa kwenye kilo 2 na kupotoka kwenye 90. Tumia kitu kizito unachokijua: pakiti 12 za unga za kilo mbili zikiwa bado zimefungwa pamoja zinapaswa kusoma 24 na kitu kidogo tu cha karatasi. Zikisoma 22, kwenye gunia umekwisha kupoteza kilo kadhaa.

Kuna makato mawili yanayowapunja watu wengi. La kwanza ni "kilo mbili za gunia". Gunia tupu la plastiki halifiki hata robo kilo. Kilo mbili kwa magunia 40 ni kilo 80, karibu gunia zima linaloondoka bure. La pili ni unyevu. Mahindi makavu ya kuhifadhi huwa na unyevu wa asilimia 13.5, na broka ana haki ya kukata yakiwa mabichi. Lakini yeye huuma punje moja, akakunja uso, akasema "toa kilo kumi". Hesabu ya haki ni hii: gunia la kilo 90 lenye unyevu wa asilimia 18 likikaushwa hadi 13.5 hubaki na kilo 85 hivi. Basi kilo tano ni haki, na kumi ni mara mbili ya haki. Kama huna kipima unyevu, chukua chupa ya kioo iliyo kavu kabisa, tia kiganja cha mahindi na vijiko viwili vya chumvi kavu, funga, tikisa dakika mbili tatu, uiache robo saa. Chumvi ikiganda kwenye kioo, unyevu umepita asilimia 15 na uendelee kuanika. Isipoganda, huna sababu ya kukubali kukatwa kilo kumi. Chumvi haikupi asilimia kamili, lakini inakupa neno la kusema, na mkulima mwenye neno la kusema hakatwi ovyo.

Wa viazi kule Molo na Mau Narok wao wana sheria upande wao. Kanuni za viazi za 2019 zinataka mfuko usizidi kilo 50. Lumbesa, yaani gunia lililojazwa kupita kiasi na kufungwa kilemba cha nyavu juu, haina kipimo; bei ni ya "mfuko", na mfuko unakua kila msimu. Mkiuza kwa kilo kama kikundi, broka hana wa kumkimbilia kijiji kile kile.

Kwa mnunuzi wa rejareja, gorogoro hupima ujazo, si uzito. Kopo moja la maharagwe na kopo moja la omena haviwezi kuwa kilo sawa. Tazama kitako: kikigongwa kikaingia ndani, kopo limepungua huku mdomo ukijaa vile vile. Ingiza vidole chini kabla ya kununua. Muuzaji mwaminifu hachukii.

Simu za lipa mdogo mdogo hazihitaji maneno mengi, zinahitaji kuzidisha. Bango linaandika "70 kwa siku" kwa herufi kubwa kwa sababu 70 ni pesa ya chai. Tuseme amana ni 3,000 na malipo ni ya siku 365: 25,550 na 3,000 ni 28,550. Sasa uliza bei ya taslimu ya simu ile ile kwenye maduka mawili. Tofauti ndiyo bei ya mkopo, na simu yenyewe hufungwa usipolipa. Ukiona bado inakufaa, chukua, umechagua ukijua.

Ujumbe wa "nimekutumia kimakosa, naomba nirudishie" unaishi kwa haraka hiyo hiyo. Ujumbe halisi huja kwa jina MPESA, si kwa namba ya mtu. Usiamini salio lililoandikwa ndani ya ujumbe. Fungua menyu yako mwenyewe uangalie. Na hata pesa ikiwa imeingia kweli, usiirudishe kwa mkono wako, kwa sababu mtumaji anaweza kuomba irejeshwe na ukalipa mara mbili. Mwambie atume ule ujumbe wa muamala kwa 456, mtandao ushughulike. Mkweli atakubali. Tapeli ataanza kulia, kutukana au kutaja mgonjwa aliyelazwa.

Mpango wa "leta watu sita", ambapo kila anayeingia naye alete sita, upime kwa kidole kwenye karatasi: 6, 36, 216, 1,296, 7,776, 46,656, 279,936, na safu ya nane ni 1,679,616. Kaunti nzima ya Kisumu, watoto wakiwemo, ilihesabiwa watu 1,155,574 katika sensa ya 2019. Anayekuingiza anaweza kukuonyesha malipo ya kweli aliyopokea, kwa maana wa mwanzo hulipwa na wa mwisho. Hivyo ndivyo mipango ya aina hii ilivyonasa familia nyingi za Wakenya mwaka 2006 na 2007. Kabla ya kutoa hata shilingi, tafuta jina kwenye orodha ya SASRA, msimamizi wa sacco, kama wanajiita sacco ya amana, ya CMA, mamlaka ya masoko ya mitaji, kama ni uwekezaji, au ya Benki Kuu kama ni mkopo wa simu. Karatasi ya usajili wa kampuni si leseni ya kupokea pesa za watu.

Na mchango wa familia kwenye kundi la WhatsApp: amua kiasi chako kabla hujafungua orodha. Michango ya mwanzo kwenye orodha mara nyingi huwekwa mikubwa kwa makusudi.

Siasa inafuata njia hizo hizo, ila hasara yake hukaa miaka mitano. Uchaguzi unaofuata ni tarehe 10 Agosti 2027, na kura za maoni zitamwagika. Usisome asilimia kabla ya kusoma idadi ya waliohojiwa. Sheria ya 2012 inamtaka mchapishaji aeleze nani alilipia, waliulizwa watu wangapi na kiwango cha makosa. Kanuni ya haraka: gawanya 100 kwa kipeuo cha pili cha idadi ya waliohojiwa. Watu 2,000 hutoa makosa ya asilimia 2 hivi, ambayo ni nzuri. Lakini mtu huchukua utafiti huo wa nchi nzima akatangaza "mgombea wetu anaongoza Kisumu kwa pointi nane". Kisumu ni kama asilimia 2.4 ya Wakenya, maana yake waliohojiwa huko hawakuzidi 50 hivi, na makosa yamefika asilimia 14. Pointi nane ndani ya makosa ya 14 hazisemi chochote, hata kama kila namba iliyotangazwa ni ya kweli.

Anayeomba kitambulisho chako "akuandikie msaada" usimwachie. Bila hati uliyojiandikishia hupigi kura, na wapo wanaolipa ili usipige. Mwingine anachukua namba tu na kukutisha kwamba atajua ulimchagua nani. Hawezi kujua. Kura ni siri, na hofu yako ndiyo anayoinunua.

Nakuru inajua tangu ghasia za 2008 vikaratasi na picha za vitisho zinavyofanya kazi. Picha ya WhatsApp ikija na mishale miwili juu yake, imepitia mikono mitano au zaidi na aliyekutumia hajui ilikotoka. Usiisambaze hata kwa kuikemea. Mpelekee chifu au polisi, basi.

Usiku wa matokeo, omba Fomu 34A, ile ya matokeo ya urais ya kituo, si jedwali la mtu. Jumlisha kura za wagombea, zilingane na kura halali zilizoandikwa. Ongeza zilizokataliwa, zisizidi waliojiandikisha. Mwaka 2022 kituo kimoja hakikuwa na zaidi ya wapiga kura 700, na fomu hubandikwa mlangoni pa kituo, kwa hivyo aliye karibu anaweza kwenda kulinganisha kwa macho yake kabla ya asubuhi.