Sifuri isitangulie
Ndugu msanii, wazo lako la kumchora malaika akimwaga tarakimu juu ya magofu ya Kaole, kule Bagamoyo, linavutia, ila umeiweka sifuri kichwani kama mama wa zote. Sifuri ilichelewa mno! Mwanahisabati Brahmagupta wa India aliandika kanuni za sifuri mwaka 628, ilhali mfupa wa Ishango, uliochimbuliwa Kongo kando ya Ziwa Edward, una mikato iliyopangwa kwa mafungu na umri wa takriban miaka 20,000. Wapo wasemao ni hesabu, wapo wanaobisha. Kwa picha ya mafumbo ubishi huo ndio utamu wenyewe. Ningekuwa wewe, malaika angeshika mfupa, sifuri ningeichora pembeni, ndogo, ikishuka jahazini na wageni wa kaskazi. Halafu punguza dhahabu, bwana. Kaole ni mawe ya matumbawe.