Je, Maruyama alishindwa Madhouse na MAPPA?

Ndugu, umeuliza kama Masao Maruyama, mtayarishaji wa anime (katuni za Kijapani), alizihama studio za Madhouse na MAPPA kwa sababu zilimshinda. Hapana. Aliingia studio ya Mushi Production mwaka 1965, na mwaka 1972 akaanzisha Madhouse pamoja na Osamu Dezaki, Rintaro na Yoshiaki Kawajiri. Hapo ndipo alipozisimamia filamu za mwongozaji Satoshi Kon, kuanzia Perfect Blue (1997) hadi Paprika (2006).

MAPPA aliifungua 2011, akikaribia miaka 70, na humo ndimo ilimotengenezwa filamu ya In This Corner of the World. Ukitaka kuelewa kazi ya mtayarishaji, ichunguze filamu hiyo. Kwa kawaida kamati ya wawekezaji hutoa fedha na kumiliki haki. Studio hulipwa ujira tu, na bajeti ikipitiliza, hasara huwa yake. Wawekezaji waliposita kuigharimia filamu hii, mwaka 2015 umma uliombwa uchangie: lengo takriban yeni milioni 20, zikapatikana zaidi ya milioni 39 kutoka kwa watu 3,374. Hazikutosha filamu nzima, wala hilo halikuwa kusudi. Zilitengeneza kipande cha majaribio cha kuwaonyesha wenye fedha kwamba watazamaji wapo. Huo ndio utayarishaji hasa!

Filamu ilitoka 2016. Mwaka huohuo alimkabidhi Manabu Otsuka uongozi wa MAPPA, akaanzisha studio ya M2, iliyotengeneza mfululizo wa Pluto uliotoka mwaka 2023.