Mnaniuliza huku mimi ni Mbongo au ni Mweusi

Jamani nimeona mnavyonisema kwenye grupu la familia, eti tangu nifike Chicago nimejigeuza Mmarekani Mweusi, kila Ijumaa nipo kwenye mashairi yao, na binamu kauliza kabisa mambo ya utumwa yanamhusu nini Mdigo wa Tanga. Haya, nawajibu.

Kwanza sikuchagua mimi. Nyumbani nilikuwa Mdigo, Muislamu, mtoto wa fulani, Weusi wangu hakuna aliyekuwa na habari nao, huku naingia dukani mlinzi ananifuata nyuma nyuma na wala haulizi kama babu yangu alipanda meli au la. Utanzania unajulikana nikifungua mdomo tu.

Sasa hayo mashairi yanasomwa kichumba cha nyuma ya mgahawa huku South Side, mitaa ya Weusi ya kusini mwa Chicago, mtu anasimama anasoma kwenye simu, mstari ukiwaingia watu hawapigi makofi, wanaalisha vidole. Ndio pande za mshairi Gwendolyn Brooks hizi, Mweusi wa kwanza kupata Pulitzer, ile tuzo kubwa ya uandishi ya Marekani, 1950, alikuwa anawaandika majirani zake wa vyumba vya kupanga. Halafu kuna mshairi Haki Madhubuti, zamani Don L. Lee, yeye na Johari Amini na Carolyn Rodgers walianzisha Third World Press, kampuni ya kuchapisha vitabu, 1967 kwa dola 400 na mashine kuukuu ya kurudufu. Hayo majina Haki na Johari walijichukulia ukubwani, hakuna bibi aliyewapa. Langu nilipewa bure na sijawahi hata kulifikiria.

Ila siwafichi, mengine yananichosha, Afrika yao ni wafalme na malkia watupu, hakuna hata mmoja aliyetokana na muuza mihogo! Dada mmoja alisoma shairi la kurudi nyumbani Afrika, baadae nikampa habari za umeme kukatika akacheka sana, kisha akaniuliza babu wa babu yangu alizikwa wapi. Nikamtajia kijiji. Hakucheka tena.

Kwa hiyo kwenye utumwa wao sisemi "sisi", nakaa nasikiliza, na tusijifanye wageni pia maana Pangani hapo watumwa walikuwa wanapakiwa majahazini. Lakini mwanangu kazaliwa huku, siku akiandika yeye atasema "sisi" na sitakuwa na la kumkataza.

Na binamu, hela ya bati mwezi ujao, shifti wamezipunguza.