Kuhusu dansi na ubaguzi wa rangi Marekani
Umeuliza kama dansi iliwahi kugusa mahusiano ya weusi na weupe nchini Marekani. Iliyagusa sana, na mfano ninaouthamini kuliko yote ni ukumbi wa dansi wa Savoy wa Harlem, mtaa wa watu weusi jijini New York, uliofunguliwa mwaka 1926, ambako watu wa rangi zote walicheza Lindy Hop, dansi ya kasi ya watu wawili wawili, kwenye sakafu moja wakati kumbi nyingi nchini humo zikiwatenga, na heshima ikimwendea anayejua kucheza. Humo ndimo mchezaji dansi Frankie Manning alimorusha mwenzake hewani kwa kufuata mapigo ya muziki, mwaka 1935. Mamlaka ziliufunga kwa miezi kadhaa mwaka 1943, na wakazi wengi wa Harlem waliamini kwamba kilichowaudhi wakubwa ni mchanganyiko huo wa weusi na weupe.