Uliza Ujibiwe: Ndani ya Godzilla alikuwemo nani?

SWALI: Habari za kazi kaka. Juzi kibandani waliweka Godzilla ya zamani, ile filamu ya Kijapani ya lile dude kubwa, isiyo na rangi, basi tukabishana na washkaji mpaka usiku, mmoja anasema ile ni mashine, mwingine anasema katuni, mimi nikasema kuna mtu mle ndani. Kama ni mtu basi ni nani, na mbona hatajwi tajwi? Msomaji wako, Tanga.

JIBU: Umepatia mdogo wangu, mtu yumo, anaitwa Haruo Nakajima, na nimefurahi umeuliza maana huyu jamaa nampenda sana na naona hajapewa haki yake. Alizaliwa 1929 mji wa Sakata, mkoa wa Yamagata kule Japani, akawa ekta wa kampuni ya filamu ya Toho, vipande vyake vya mwanzo vidogo vidogo tu, kwenye filamu ya Seven Samurai ya mwongozaji Kurosawa yumo kama mmoja wa majambazi lakini nani anamkumbuka! Alikuwa haogopi kazi za hatari, 1953 kwenye picha moja ya vita alikubali kuwashwa moto mbele ya kamera.

Mwaka uliofuata wakampa Godzilla. Sasa fikiria, vita imeisha miaka 9 tu nyuma, mpira ni wa shida, mwenyewe alisimulia kwamba vazi la kwanza lilitengenezwa kwa zege, lina kilo kama 100, ukilivaa huwezi hata kujikunja, akijitahidi anatembea mita 10 hivi basi. Ikabidi walikate vipande viwili, nusu ya chini wakaitumia kupiga picha za miguu tu, halafu wakatengeneza jingine jepesi kidogo. Taa za studio zinawaka, mle ndani joto la kufa mtu, akitoka fulana anaikamua jasho. Walipokezana na mwenzake Katsumi Tezuka ila mzigo mkubwa aliubeba yeye.

Na watu wakisema alivaa tu gwanda naumia, kwa sababu huyu aliigiza kweli kweli. Eiji Tsuburaya, fundi wa zile picha za ujanja, alimwonyesha King Kong ya 1933, ile filamu ya sokwe mkubwa, lakini Nakajima hakuridhika, akaenda bustani ya wanyama ya Ueno pale Tokyo akawa anaangalia tembo na dubu wanavyotembea, uzito wanauweka wapi. Pia kamera ilikuwa inazungushwa kasi kuliko kawaida ili kwenye skrini mnyama aonekane mzito wa polepole, maana yake yeye mle ndani na zile kilo zote anatakiwa aende haraka, na ukimwangalia huoni kabisa kama anahangaika.

Hatajwi kwa sababu sura yake haikuonekana, ndo hivyo tu. Alicheza Godzilla kwenye filamu 12 mpaka 1972, na katikati akacheza madude mengine kibao, Rodan, Mothra akiwa bado kiwavi, hata King Kong mwenyewe 1967. Halafu Toho ikapunguza maekta wake, yeye akapelekwa kufanya kazi kwenye ukumbi wa bolingi wa kampuni. Ekta wa namna ile! Alifariki Agosti 2017, ana miaka 88.

Ukiweza tafuta The War of the Gargantuas ya 1966, yeye ndo Gaira, lile jitu la kijani. Mle kinyago kiliacha macho wazi, yale macho unayoyaona ni ya Nakajima mwenyewe.