Kwa nini feri ya Likoni huvuka upogo, na foleni yenyewe iko wapi

SWALI: Nakaa Ukunda na kazi yangu iko mjini Mombasa, kwa hiyo navuka Likoni asubuhi na jioni, siku sita kwa wiki. Nauliza mambo matatu. Kwa nini feri huvuka upogo kama kaa, halafu hujinyoosha ikikaribia ng'ambo? Kwa nini husimama kupisha meli ilhali sisi tumejaa tele ndani? Na je, tukiongezewa feri mbili, foleni itakwisha?

JIBU: Ahsante, ndugu yangu. Mimi ni mhandisi wa injini za vyombo vya majini, na kwa miaka mingi nimevuka hapo kama abiria na kama fundi. Maswali yako yote matatu nitayajibu nikianzia kwenye maji.

Pale Likoni mlango wa bahari una upana wa kama nusu kilomita tu, na maji yote yanayoingia na kutoka Kilindini na Port Reitz hupita humo, yaani bandarini na kwenye ghuba iliyo nyuma yake. Siku za bamvua, yaani mwezi ukiandama au ukiwa mpevu, maji hupanda na kushuka zaidi ya mita tatu. Mkondo lazima uwe mkali. Tuseme feri inakwenda noti 8, yaani maili 8 za baharini kwa saa, na mkondo ni noti 2. Nusu kilomita itachukua kama dakika mbili, na katika dakika hizo mbili mkondo utakuwa umeisukuma karibu mita 120 pembeni. Nahodha akielekeza chombo kwenye gati moja kwa moja, hatalifikia. Kwa hiyo anakigeuza kidogo kuukabili mkondo, kwa hesabu hiyo ni kama nyuzi 14, ili mwendo wa feri na msukumo wa maji vikichanganyika vimfikishe anapotaka. Huo ndio upogo unaouona. Karibu na nchi kavu mkondo hupungua nguvu, naye hunyoosha.

Angalia pia saa unazovuka. Mombasa, siku za bamvua, maji hujaa kama saa kumi alfajiri na kupwa kama saa nne asubuhi, kisha hurudia vivyo hivyo jioni na usiku. Mkondo huwa mkali zaidi katikati ya kujaa na kupwa, yaani kwenye saa moja asubuhi na saa moja jioni, maji yakikimbilia bahari kuu. Wewe na wenzako mnaokwenda kazini mnavuka saa ileile ambayo bahari ina nguvu zaidi. Siku za maji mafu, yanapopanda na kushuka kidogo tu, utaona feri inakwenda karibu moja kwa moja.

Feri hizi hazina omo na tezi, yaani mbele na nyuma, kama jahazi. Pande zote mbili ni omo, kila upande una mlango wake unaoshuka, na chombo hakigeuki: gari linaingia huku na kutokea kule. Ndivyo zilivyo MV Nyayo, MV Harambee na MV Kilindini za mwaka 1990, ndivyo zilivyo MV Kwale na MV Likoni zilizokuja 2010 na MV Jambo ya 2017. Huduma yenyewe ilianza 1937 mikononi mwa kampuni ya mabasi ya Kenya Bus, ikaja kuchukuliwa na Mamlaka ya Bandari, kisha likaundwa shirika la feri. Lakini kivuko ni cha zamani kuliko hao wote. Liko ni mahali pa kupandia na kushukia chombo, na mtaa ukapata jina hilo.

Kuhusu meli. Kanuni za kimataifa za kuzuia migongano baharini, za mwaka 1972, zinasema wazi kwamba chombo kisikate mlango mwembamba wa maji iwapo kitaizuia meli isiyoweza kupita salama nje ya mlango huo. Meli ya makontena inayoingia Kilindini haina njia nyingine. Ina urefu wa mamia ya mita, na hata ikizima injini itaendelea kuteleza mbali sana kabla ya kusimama. Ikipunguza mwendo mno, usukani wake haushiki maji vizuri na mkondo huohuo utaibeba. Feri yenu inaweza kusimama na kurudi nyuma. Anayeweza kusimama ndiye anayepisha. Hata daraja la kuelea la Liwatoni, lililojengwa 2020 kwa ajili ya waenda kwa miguu, ilibidi kipande cha katikati kiwe cha kuondolewa ili meli zipite.

Sasa foleni, na hapa ndipo ninapotaka tuelewane. Safari ya majini ni dakika chache. Kinachokula muda ni gati. Simama siku moja juu ya mteremko wa upande wa Likoni maji yakiwa yamekupwa. Feri imelala chini kabisa, na sakafu ya saruji iliyokuwa ndani ya maji alfajiri sasa iko wazi, ina utelezi wa mwani. Watu wanatoka kwa mamia. Katikati yao yuko kijana wa mkokoteni aliyebeba magunia ya viazi, anausukuma kwa bega, wenzake wawili wanamshikia nyuma usirudi. Nyuma yake lori limesimama, linangoja. Nyuma ya lori, gari dogo la chini linapanda polepole likikwaruza tumbo pale mlango wa feri unapokutana na saruji. Mlango ni mmoja, watu na magari wanautumia huohuo kwa zamu. Maji yakijaa, kazi hiyohiyo huchukua muda mfupi zaidi, kwa kuwa mteremko unabaki mfupi.

Kwa hiyo ukileta feri mbili zaidi bila kuongeza mahali pa kufungia, zitakuwa zinazunguka majini zikingoja nyingine zitoke gatini. Ningepewa fedha za feri mbili, moja ningeinunua, na fedha za ya pili ningezitia kwenye miteremko: mipana zaidi, iliyokatwa vizuri kwa ajili ya maji ya bamvua, na njia ya waenda kwa miguu iliyotengwa kabisa na magari. Magari mazito nayo yahimizwe kupitia barabara ya Dongo Kundu, isiyopita kivukoni.

Lipo jambo hukuliuliza, lakini nalisema kwa kuwa linaniuma. Injini ya feri hupozwa kwa maji ya bahari yanayovutwa kupitia chujio. Niliwahi kufungua chujio la feri moja iliyozimika katikati ya maji nikatoa mifuko ya plastiki, kamba, na kipande cha kandambili. Injini ilikuwa nzima kabisa, ila ilikuwa imezibwa pumzi. Chombo kikizimika na mkondo wa bamvua uko kasi, kina dakika chache tu za kutia nanga kabla hakijasukumwa mbali. Taka unayoitupa ukiwa juu ya feri inaweza kuizima ileile uliyopanda.

Na uzito. Watu 1,500 wa kilo 70 kila mmoja ni tani 105, na tani hizo zina miguu. Lori lililofungwa halihami. Watu huhama wote pamoja mara tu wanapoona nchi kavu. Tarehe 29 Aprili 1994 MV Mtongwe ilipinduka ikiwa kama mita 40 tu kutoka nchi kavu. Ilikuwa imebeba watu wapatao 400, uwezo wake ukiwa 300, na 272 walikufa. Mita 40! Septemba 2019 gari lilitoka kwenye MV Harambee na kuzama na mama na mwanawe wa kike, mahali penye kina cha zaidi ya mita 50.

Basi ukiingia na gari, vuta breki ya mkono, acha gia imeingia, zima injini, fungua mkanda, na ushuke pamoja na wote ulionao. Milango ya gari ikishafunikwa na maji hutaweza kuisukuma. Usiposhuka, angalau teremsha vioo. Ukiwa wa miguu, simama katikati ya feri mpaka mlango uguse saruji, na ukiona mlango wa upande wowote haujainuliwa chombo kikiwa kinaondoka, mwite baharia aliye karibu nawe papo hapo.