Maswali yenu kuhusu filamu za Zarina Bhimji

Huyu Zarina Bhimji ni nani, na anatuhusu vipi sisi wa Afrika Mashariki?
Ni msanii wa picha na filamu, mzaliwa wa Mbarara, Uganda, mwaka 1963, katika familia yenye asili ya Kihindi. Agosti 1972 Idi Amin aliwapa Waasia siku 90 wawe wamefungasha na kuondoka. Familia yake ilihamia Uingereza mwaka 1974. Amesomea sanaa London, lakini historia anayoishughulikia ni yetu sote.

Nimeitazama Out of Blue mpaka mwisho, sikuona mtu. Watu wako wapi?
Wamefukuzwa, au wameuawa. Filamu hiyo ya dakika 24 hivi aliipiga Uganda, ikaonyeshwa mwaka 2002 katika Documenta 11 mjini Kassel, Ujerumani, maonyesho ya sanaa yaliyosimamiwa na Mnigeria Okwui Enwezor. Inaanza na vilima vya kijani, kisha moto unashika nyasi. Baada ya hapo ni nyumba zilizohamwa, seli, makaburi, uwanja wa ndege wa Entebbe. Kamera inapita polepole ukutani, rangi imebanduka, nawe unajikuta unajiuliza nani alilala chumba hiki na nani alifungiwa kile. Angeweka mtu mbele ya kamera asimulie, tungemsikiliza huyo mmoja tu. Kwa kuwaacha nje, amewaacha wote wawemo: Waasia waliofukuzwa na Waganda weusi waliobaki wakauawa kwa maelfu. Naona huo ndio uamuzi mkubwa kuliko yote katika kazi yake.

Basi ni dokumentari?
Hapana. Yeye hufanya utafiti mrefu kama mwanahistoria, ila hakuelezi tarehe wala majina.

Alishinda Turner Prize?
Aliteuliwa kuwania tuzo hiyo ya sanaa ya Uingereza mwaka 2007; aliyeshinda ni msanii Mark Wallinger.

Ile filamu ya mkonge ina maana gani? Baba yangu alifanya kazi shambani, mimi niliona nyuzi tu.
Waiting, ya mwaka 2007, imepigwa ndani ya kiwanda cha mkonge. Nyuzi zinaning'inia kama nywele za bibi kizee, vumbi linaelea kwenye mwanga, mashine zinavuma. Baba yako angetambua mengi humo kuliko wahakiki wengi wa London. Ukiweza, itazame naye, umwache aongee.

Napiga video za harusi. Nijifunze nini kwake?
Sauti. Katika Out of Blue mlio wa moto na sauti za watu wasioonekana ndivyo vinavyokutia hofu. Ukizima sauti, utabaki na mandhari nzuri tu. Kwa hiyo kabla ya kununua lenzi nyingine, nunua maikrofoni nzuri. Ukifika ukumbini, rekodi kwanza sauti za jikoni, za watoto uani, za akina mama wakipanga viti. Usifunike kila kitu kwa muziki.